Malkia Asiyezomewa

Thelma Cawthorne alipigiwa makofi, na hilo ndilo lililomchefua.

Alikuwa ameingia jukwaani kutoka upande wa kushoto, waingiako waovu wote wa pantomimu, ule mchezo wa kuchekesha wa Krismasi wa Waingereza, moshi wa kijani ukimtangulia, pembe mbili kichwani, kucha nyeusi ndefu kuliko vidole vyenyewe. Alikuwa Malkia Husuda, aliyekuja kuiba jua ili watoto wa nchi nzima wafe kwa baridi. Mtu wa namna hiyo huzomewa. Ndiyo kazi ya waliokaa vitini, nao hulipa kiingilio waifanye: mwema hushangiliwa, mwovu huzomewa mpaka koo likauke, kisha watu hurudi nyumbani wameridhika. Lakini ukumbi wa Coronet, katika mji wa Skelby ulioko kwenye pwani ya Yorkshire, uliinuka wima ukampigia makofi.

"Thelma! Thelma wetu huyo!"

"Tazama miguu, jamani! Miguu haijazeeka!"

Akaunguruma. Wakacheka. Akawaambia watoto kwamba atawatafuna wabichi na soksi zao. Mtoto mmoja wa mstari wa mbele akampungia mkono. Na Lorraine Vickery, mwana wa mfalme wa mwaka ule, alipochomoa upanga wake wa mbao kumkabili, sauti ndogo ikapaa kutoka viti vya juu: "Mwache bibi wa watu!"

Ukumbi ukaangua kicheko. Lorraine akabaki ameshika upanga wake, hajui aufanye nini.

Kosa lilikuwa la miaka. Kwa zaidi ya miaka ishirini Thelma ndiye aliyekuwa mwana wa mfalme wa Skelby: kaptula fupi, buti za magotini, akijipiga kofi pajani kabla ya kila wimbo. Katika pantomimu mwana wa mfalme huchezwa na mwanamke na bi kizee huchezwa na mwanamume, na asiyetaka kuelewa hilo abaki kwake na televisheni yake. Kila mara kabla ya wimbo wa mwisho Thelma alikuwa akitokea upande wa kulia, upande wa wema, na kikapu cha peremende mkononi, akawarushia watoto. Waliozidaka peremende zile sasa walikuwa na mvi. Umri ulipomshusha akawa jini mwema mwenye fimbo ya nyota. Umri ulipomshusha tena, akapewa pembe.

Ngazi hiyo hushukwa na kila mwanamke wa kazi ile, naye hakulalamika. Alichotaka ni kuonekana anapoishuka. Lakini watu wa Skelby hawakumwona Malkia Husuda hata kidogo. Walimwona yule kijana wa buti, ambaye alikwisha kufa zamani, na kila siku walimpigia makofi maiti. Aliyesimama mbele yao akitoka jasho chini ya pembe, hawakuwa na habari naye.

"Mpenzi wangu," alisema Desmond Purkiss, mwongozaji aliyeletwa kutoka London, akifunga mlango wa chumba cha kuvalia. Desmond alimwita kila mtu mpenzi wangu, hasa yule anayetaka kumfukuza. "Leo umeniua."

"Mimi? Nimesema kila neno langu."

"Umesema, na wamekupigia makofi. Sasa niambie, mwovu akipendwa, mwana wa mfalme anapigana na nani? Lorraine anaonekana kibaka anayempora bibi kizee pochi sokoni."

"Lorraine anaonekana hivyo hata mimi nisipokuwepo."

Desmond hakucheka. "Siku inayofuata Krismasi anakuja mwenye ukumbi, anakuja meya, anakuja mtu wa gazeti. Siku hiyo nataka wakuzomee mpaka rangi ibanduke ukutani. Wakikupigia makofi, kesho yake pembe hizo anavaa Jinamizi."

Thelma alimjua Jinamizi. Nani hakumjua? Alikuwa mpiga mieleka wa televisheni, mtu mwenye mwili wa kabati, ambaye vikongwe wa Uingereza nzima walimrushia miavuli kila Jumamosi. Hakujua kuigiza hata kulala usingizi. Lakini alichukiwa kwa dhati, na katika kazi ile kuchukiwa ni kipaji.

"Mimi niko kwenye kazi hii tangu wewe hujazaliwa, Desmond."

"Ndiyo tatizo lenyewe, mpenzi wangu."

Akatoka, mlango ukafungwa nyuma yake. Thelma alijua maana ya maneno yale. Mwigizaji aliyevuka sitini akivuliwa vazi katikati ya msimu, habari hufika London kabla yeye mwenyewe hajafika kituo cha treni, na simu yake hailii tena. Hakuwa na mume wala mtoto wala nyumba. Alikuwa na masanduku mawili na jukwaa, na jukwaa sasa lilining'inia kwenye pembe zile mbili.

Nyuma ya pazia la chumba kilekile Wilf Garside, bi kizee wa mchezo, alikuwa akijivua matiti yake ya mito.

"Nimesikia yote," alisema.

"Wewe husikia yote. Ndiyo maana maneno yako mwenyewe hayakai kichwani."

"Wamekuzoea, Thelma. Wewe kwao ni kama baridi yabisi. Ukifika wanasema, haya, Krismasi imekaribia."

"Na wewe ni bawasiri."

"Sawa. Lakini bawasiri haipigiwi makofi."

Thelma akamtupia brashi ya poda, ikampata sikioni. Walikuwa wamechukiana kwa raha tangu ujana wao, na ndiye mtu pekee katika jengo lile aliyemwamini.

Siku zilizofuata alijaribu kila ujanja. Alijichora uso kama kidonda. Alicheka kicheko cha chini, akacheka cha juu, akanyamaza asicheke kabisa. Alimburura Lorraine kwa nywele, na nywele zikatoka kweli kidogo, na Lorraine akampigia yowe nyuma ya jukwaa.

"Una wazimu wewe mama? Kwa nini hawakuweki kwenye makumbusho pamoja na ile kaptula yako?"

"Mwanangu, ukijipiga kofi pajani leo, paja linatikisika mpaka kesho. Kafanye mazoezi ndipo uje unitukane."

"Angalau mimi wananishangilia kwa ninachofanya!"

Hilo lilimchoma kuliko alivyotarajia, kwa sababu lilikuwa kweli. Watu walikuwa wakimshangilia Lorraine kwa Lorraine. Yeye walimshangilia kwa jana. Jioni ile pia walimpigia makofi, na bibi mmoja akamrushia busu.

Na kila alipotoka mlango wa waigizaji, uchochoroni nyuma ya ukumbi, alimkuta Edna Broadbent.

Edna aliuza samaki na chipsi karibu na gati, na alikuwa na harufu ya siki hata Jumapili. Kwa muda wote ambao Thelma alikuwa ameigiza Skelby, hakukosa kumngoja na keki ya tangawizi iliyofungwa kwenye karatasi. Keki zile zilikuwa ngumu. Thelma alizila akiwa amekasirika, lakini alizila.

"Ulikuwa mtamu leo, mwenzangu!"

"Nilikuwa mwovu, Edna."

"Mwovu mtamu! Si unajua sisi tunakupenda hata wakikuvisha gunia. Unakumbuka London? Tulikuja basi zima! Na mimi nikasimama, 'Jipige kofi pajani, Thelma!' Aa, tulicheka siku ile."

Thelma akatabasamu, kama alivyotabasamu kila mwaka hadithi ile iliposimuliwa. Wanasema mavi ya kale hayanuki. Haya yalinuka kila Desemba.

Maana London ilimwita mara moja tu. Alikuwa na miaka thelathini na kitu, akapewa nafasi ya malkia katika mchezo wa huzuni: mwanamke aliyemuua mwanawe kwa mkono wake, na katika tendo la mwisho anasimama peke yake bila kusema, maiti ya mtoto miguuni, na ukumbi mzima umenyamaza naye. Ukimya ule ulikuwa wake. Aliutengeneza kwa wiki nyingi, na usiku wa kwanza aliupata, akausikia ukimzunguka, akajua kwamba yeye ni mwigizaji kweli, si miguu tu. Ndipo kutoka viti vya nyuma ikatoka sauti ya Edna na lile kofi la paja. London ikacheka. Magazeti yakacheka kesho yake. Mchezo ukafungwa, na hakuna aliyemwita tena kucheza huzuni. Ng'ombe akivunjika guu hurejea zizini. Thelma akarejea Skelby kuvaa kaptula, na zizi likampokea kwa vigelegele.

"Siku inayofuata Krismasi mjukuu wangu Heather anatimiza miaka sita," Edna alikuwa akisema. "Ataitwa jukwaani pamoja na watoto wengine wa siku ya kuzaliwa. Nimemwambia Thelma ndiye atakayempa peremende."

"Peremende ni kazi ya Wilf siku hizi. Mimi ni mwovu. Natokea kushoto."

"We nawe! Kwetu sisi Thelma ni Thelma tu, atokee kushoto, atokee kulia."

Akamshika shavu, akalifinya, akaenda zake. Thelma alisimama uchochoroni na keki mkononi, na chuki iliyompanda ilikuwa safi kabisa. Alishangaa kuona inamtia joto. Alikuwa amehangaika kuwafanya watu wale wamchukie, kumbe hakuwahi kujaribu kuwachukia yeye kwanza.

Siku yenyewe ilipofika, ukumbi ulijaa pomoni. Meya alikaa mbele na mkufu wake, mwenye ukumbi kando yake, mtu wa gazeti akinyonya kalamu. Edna alikaa nyuma yao tu, katika kiti chake cha miaka yote. Thelma alitokea kushoto mara tatu, na mara tatu makofi yakamfuata. Desmond aliyekuwa amesimama gizani pembeni mwa jukwaa alimwonyesha ishara ya simu sikioni: Jinamizi anapigiwa.

Thelma akamwitikia kwa kichwa, akaenda chumbani. Akavua pembe, akavua kucha. Chini kabisa ya sanduku lake moja kulikuwa na zile buti za magotini. Miguu ilikuwa imevimba, ikabidi azivae kwa matusi.

Jukwaani Wilf alikuwa amekwisha kuwaimbisha watu wimbo wa kupotosha ndimi, amewaita watoto wa siku ya kuzaliwa, na sasa alikuwa ameinama mbele ya Heather, kikapu cha peremende mkononi.

"Una miaka mingapi, kipenzi cha bibi?"

"Sita."

"Mimi ishirini na moja."

"Mwongo!" ukumbi ukapiga kelele, kama ilivyo desturi.

Ndipo Thelma akatokea upande wa kulia.

Mwovu hatokei kulia. Hata mtoto wa Skelby aliyebebwa mgongoni anajua hilo. Kwa hiyo kila aliyemwona akitoka upande ule, kichwa wazi, buti miguuni, alielewa jambo moja tu: Thelma wao amerudi. Akasimama katikati, akaachanisha miguu, akajipiga kofi pajani. Jengo likatetemeka. Watu wazima walilia. Meya alisimama na mkufu wake akapiga makofi juu ya kichwa.

"Unafanya nini, mwendawazimu wewe?" Wilf alimnong'oneza, tabasamu la rangi nyekundu likiwa palepale usoni.

"Kazi. Lete kikapu."

Akakitwaa. Akauzungusha mkono nyuma kama alivyouzungusha kwa miaka ishirini, na mikono ikapaa ukumbi mzima, mikono ya watoto na mikono yenye makunyanzi, mamia kwa mamia. "Huku, Thelma! Huku kwetu!"

Mkono wake ukaishia hewani. Akaushusha taratibu. Akachukua peremende moja, akaimenya karatasi, akaitia mdomoni mwake, akainyonya huku akiwatazama.

Kicheko kidogo kikatoka, kikakosa pa kwenda.

Akachukua ya pili, akamwendea Heather. Mtoto akanyoosha kiganja. Thelma akaiweka peremende pale katikati ya kiganja, akangoja mtoto atabasamu, kisha akaidokoa, akala na hiyo.

Ukimya ukashuka. Thelma aliutambua mara moja. Alikuwa ameusikia mara moja tu maishani mwake, akaupoteza, akaomboleza. Safari hii aliushika kwa mikono miwili. Akauelekeza uso wake kwenye kiti cha Edna, na hakuhitaji kuigiza chochote.

"Mnamngoja nani?" aliuliza polepole. "Thelma wenu? Mmemla miaka yote hii hamkushiba. Basi kilichobaki nimekila mimi. Hayupo. Nendeni mkalie majumbani kwenu."

Akakigeuza kikapu, peremende zote zikamwagikia shimoni kwa wapiga muziki, zikalia juu ya ngoma.

Heather akaanza kulia. Na Edna Broadbent akasimama. Yeye ndiye aliyekuwa wa kwanza kumzomea.

Kisha wote. Haikuwa zomeazomea ya desturi, ile ya watu wanaocheka tumboni. Ilitoka kifuani. Watu walimpigia miguu sakafuni, walimwita jina baya, programu zikaruka, ganda la chungwa likampata shingoni. Meya mwenyewe alikuwa ameweka mikono mdomoni akipiga kelele kama mwuza magazeti. Lorraine alipotoka na upanga wake wa mbao, paa lilitaka kung'oka kwa shangwe, na kwa mara ya kwanza msimu ule alipigana kama mtu aliye na sababu. Thelma alianguka chini, akafa vizuri, na akiwa amelala pale kwenye mbao za jukwaa, kelele zile zikimpitia mwilini, alifurahi. Hakuwahi kufurahi hivyo. Walikuwa wamemwona.

"Mwakani pia, mpenzi wangu!" Desmond alimbusu mashavu yote mawili. "Mwenye ukumbi amesema mwakani pia, na jina lako juu kabisa ya bango!"

"Ulikuwa unyama ule," alisema Lorraine akipita.

"Asante, mwanangu."

Wilf hakumtania. Alimpa tu mfuko mdogo wa karatasi, peremende alizookota kwenye ngoma. "Za yule mtoto," alisema, akaendelea kufuta rangi usoni.

Uchochoroni kulikwisha kuwa na giza la mapema la majira ya baridi, ingawa ilikuwa bado alasiri. Watu waliokuwa wakingoja pale walipomwona walisogea pembeni, mmoja akatema mate chini. Edna alikuwa amesimama mahali pake pa siku zote, amemshika Heather mkono. Hakuwa na keki.

"Edna. Lilikuwa igizo."

"Wilf akivaa mito kifuani, hilo ni igizo. Wewe ulinitazama mimi."

Thelma akachuchumaa kwa shida, akamnyooshea Heather mfuko. Mtoto akaweka mikono yote miwili nyuma ya mgongo.

"Shukrani ya punda mateke," alisema Edna. "Nimekukosea nini mimi? Nitajie moja."

"London."

"London imefanya nini?"

"Ulipiga kelele, Edna! Nilikuwa nimewashika wote, ukumbi mzima, wamenyamaza wananitazama, na wewe ukapiga kelele zako za paja. Mliniua. Nilikuwa na kazi moja ya maana maishani, mkaniua, na kila mwaka unakuja kunichekea!"

Edna alipojibu, sauti yake ilikuwa imepungua.

"Walikuwa wamenyamaza," alisema. "Wewe umesimama pale peke yako, unatetemeka, na watu wote wale wa makoti ya manyoya hakuna anayepiga hata kofi moja. Hakuna hata anayezomea. Mimi sijawahi kuona watu wakatili vile. Nikamwambia marehemu mume wangu, hawampendi, wanamwacha afe peke yake. Ndipo nikasimama. Nilitaka ujue tupo."

Pale Coronet watu walionyamaza walikuwa watu waliokuchoka, na Edna hakuwahi kukanyaga ukumbi mwingine kabla ya usiku ule. Thelma alimjua kwa miaka yote ile, na hakuwahi kuliwaza hilo hata siku moja.

"Nilidhani unapenda ile hadithi," Edna alisema. "Ulikuwa ukitabasamu."

Akamvuta mjukuu wake, wakashika njia ya gati. Hawakugeuka nyuma.

Mchezo wa jioni ulianza kwa wakati wake. Habari zilikuwa zimeenea mji mzima, na viti viliuzwa vyote, na hata nafasi za kusimama. Thelma alisimama gizani upande wa kushoto, pembe kichwani, na moshi wa kijani ulipotoka akapiga hatua moja mbele. Hakuwahi hata kufungua mdomo. Ukumbi wote ulimzomea kwa nguvu moja, na Desmond akamwonyesha dole gumba kutoka pembeni.

Kiti cha Edna, alichokilipia msimu mzima, kilikuwa kitupu. Thelma alikitazama, akangoja kelele zipungue, akangoja tena kidogo, akitega sikio kama yupo hata mmoja atakayeita Thelma. Hakuna aliyeita. Basi akainua kucha zake, akaanza kazi.